Beate Mainka-Jellinghaus na Meza ya Kukatia Filamu

Filamu nyingi za Ujerumani Magharibi zilizojadiliwa duniani kati ya 1966 na 1984 zilipita katika mikono ya mwanamke mmoja ambaye watazamaji wengi hawamjui. Beate Mainka-Jellinghaus, aliyezaliwa 1936, alikuwa mhariri wa filamu wa Alexander Kluge, na katika miaka hiyohiyo akawa mhariri wa Werner Herzog. Kluge alikuwa mwanasheria na mwandishi aliyetengeneza filamu kwa hoja, kumbukumbu na vipande vya magazeti. Herzog alikuwa kijana wa Bavaria aliyebeba kamera kupeleka jangwani, msituni na kwenye vilele vya volkano. Hawakufanana kwa lolote. Lakini wote wawili, baada ya kupiga picha zao, walikwenda kuketi kando ya mwanamke huyohuyo na kusubiri uamuzi wake.

Miongoni mwa kazi alizozikata imo filamu iliyopigwa Kenya, Uganda na Tanzania, na imo nyingine ambayo chimbuko la maneno yake linafika hadi Zanzibar ya Januari 1964. Kwa hiyo historia yake ni sehemu ya historia yetu pia, ingawa kwetu haijaandikwa.

Kijana wa leo anayehariri kwa kompyuta au simu hawezi kukisia uzito wa kazi hiyo ulivyokuwa wakati ule. Mkanda wa milimita 35 hupita fremu 24 kila sekunde, na dakika moja ya picha hula zaidi ya mita 27. Filamu ya saa moja na nusu ni karibu kilomita mbili na nusu za mkanda, na hiyo ni iliyokwisha kukatwa. Iliyofika kwa mhariri huwa ndefu mara kadhaa. Katika vyumba vya uhariri vya Ujerumani meza iliyotawala ilikuwa Steenbeck, iliyotengenezwa Hamburg: sahani bapa za chuma zinazozunguka, skrini ndogo katikati, mkanda wa picha upande mmoja na mkanda wa sauti wenye sumaku upande wa pili. Mhariri alisimamisha picha pale alipotaka, akatia alama kwa kalamu ya nta, akakata, kisha akaunga kwa gundi au utepe mwembamba unaopitisha mwanga. Vipande vilivyosubiri nafasi vilitundikwa kwenye misumari midogo juu ya kapu la kitambaa. Kipande cha fremu 10 kikipotea, saa nzima hupotea kukitafuta. Kila mkato ulikuwa tendo la mkono, na kuutengua kulimaanisha kubandua, kupima na kuunga upya. Ndiyo maana mhariri wa wakati huo alifikiri kwanza, kisha akakata.

Tangu enzi za filamu bubu vyumba hivyo vilikuwa na wanawake wengi, Ulaya na Marekani. Wakubwa wa studio waliihesabu kazi ya kukata na kuunga kuwa kazi ya vidole, jirani ya ushonaji, wakawapa wanawake kwa mishahara midogo. Walioipokea waliijua kwa undani kuliko wakubwa wao. Mtu anayetazama mkanda uleule siku nzima, mbele na nyuma, ndiye anayejua mwigizaji alipodanganya kwa macho na kamera ilipotetemeka, na pia pale ambapo mwongozaji mwenyewe hakujua anachotafuta.

Ujerumani ilikuwa na sababu yake ya kuuogopa uhariri. Mwaka 1927 Walter Ruttmann aliiunga siku moja ya jiji la Berlin kwa mapigo ya muziki, na dunia ikastaajabu. Miaka minane baadaye Leni Riefenstahl alitoa *Triumph des Willens*, filamu ya mkutano wa chama cha Hitler uliofanyika Nuremberg mwaka 1934. Riefenstahl aliikata mwenyewe, kutoka makumi ya saa za picha hadi chini ya saa mbili. Nguvu ya filamu ile imo mezani: uso wa kiongozi, umati, bendera, uso tena, mpaka mtazamaji anapoteza nafasi ya kufikiri. Waliokuwa watoto wakati huo walipokuwa watu wazima walikuta ufundi wa kuunga picha umechafuliwa na matumizi yake. Filamu fupi ya mwanzo ya Kluge, *Brutalität in Stein* ya 1961, aliyoitengeneza pamoja na Peter Schamoni, ilirudi palepale Nuremberg na kuyatazama majengo matupu ya mikutano ile huku sauti za zamani zikisikika. Swali lilikuwa wazi: je, picha zinaweza kuungwa kwa namna inayomwachia mtazamaji akili yake?

Tarehe 28 Februari 1962, katika tamasha la filamu fupi la Oberhausen, watengenezaji filamu 26 walitia saini tamko la kuikataa sinema ya wazee wao na kudai haki ya kutengeneza nyingine. Kluge alikuwa mmoja wao. Tamko hilo hutajwa katika kila kitabu cha historia ya sinema ya Ujerumani. Lakini tamko halikati filamu. Kazi ya kuonyesha filamu mpya inaonekanaje, fremu kwa fremu, ilifanyika baadaye vyumbani, na hapo ndipo anapoingia Mainka-Jellinghaus.

*Abschied von gestern* ilitoka 1966 na kupata Simba wa Fedha Venice. Ni habari ya Anita G., msichana aliyezaliwa Leipzig mwaka 1937 katika familia ya Kiyahudi, ambaye anavuka kuja Magharibi, anaiba sweta, anahukumiwa, kisha anahama kutoka kazi hadi kazi na kutoka chumba hadi chumba bila kupata pa kutia mguu. Anita alichezwa na Alexandra, dada yake Kluge. Mwongozaji wa kawaida angeifanya hadithi hii ya machozi. Katika filamu hii, kila unapokaribia kuzama katika huruma, kinakuja kitu kingine: maandishi kwenye skrini, picha ya zamani ya familia, ofisa anayesoma vifungu vya sheria kwa sauti isiyo na moyo. Mikato haikufichwa. Unaiona, na kwa kuiona unajiuliza kwa nini kile kimewekwa baada ya hiki. Kluge alishikilia kwamba filamu hukamilika kichwani mwa mtazamaji, katika nafasi iliyo kati ya picha moja na nyingine. Wazo hilo ni rahisi kuliandika. Kulifanya liende kwa karibu saa moja na nusu bila mtazamaji kuchoka au kupotea kunahitaji mtu anayejua nafasi ile iwe na upana gani.

Miaka miwili baadaye ikaja *Die Artisten in der Zirkuskuppel: ratlos*, iliyopata Simba wa Dhahabu. Humo Mainka-Jellinghaus na Kluge walifanya jambo ambalo hadi leo linashtua: picha za sherehe za sanaa za utawala wa Hitler, magari ya mapambo na watu waliovishwa kama miungu ya kale, zinapita huku ukisikika wimbo "Yesterday" wa Beatles. Hakuna msimulizi anayekemea. Picha na wimbo vinagongana, na aibu inazaliwa katika mgongano huo. Kwangu mimi hilo ndilo jibu kamili zaidi ambalo sinema ya Kijerumani ilimpa Riefenstahl. Yeye aliunga ili kuziba kila ufa. Hawa waliunga ili ufa uonekane.

Mwaka huohuo wa 1968 Herzog, akiwa na miaka 25, alimletea filamu yake ndefu ya kwanza, *Lebenszeichen*, ya askari wa Kijerumani katika kisiwa cha Kigiriki anayelinda ghala la risasi na kupoteza akili mbele ya bonde lililojaa vinu vya upepo. Herzog amesimulia yaliyotokea. Rili ya kwanza ilikuwa na mita 600, kama dakika 22, nayo ilikuwa imezungushwa kinyumenyume. Mainka-Jellinghaus aliiweka mezani, akaiendesha hivyohivyo kwa kasi kubwa, akaing'oa, akaitupa kwenye pipa la taka. Akasema ni mbaya mno na hataigusa tena. Kwa masimulizi ya Herzog, ilimchukua muda kuelewa kwamba mhariri wake alikuwa na haki. Filamu iliokolewa kwa yale mazuri yaliyobaki, nayo ikapata Dubu wa Fedha mjini Berlin.

Wengi huipenda hadithi hiyo kwa ukali wake. Mimi naipenda kwa sababu inaeleza sheria ya kazi. Mwongozaji anakumbuka jua, njaa, fedha zilizokopwa, punda aliyegoma. Anaiona picha pamoja na taabu yake. Mhariri hakuwapo, na hapaswi kuihesabu taabu hiyo, maana mtazamaji hataiona. Herzog amekiri kwamba Mainka-Jellinghaus aliweza kupitia mkanda mara moja na kujua kipi kiko hai na kipi kimekufa, kwa hisia iliyo nadra kama ya mwanamuziki anayetambua noti bila kuambiwa. Amesema pia kwamba mhariri huyo hakuzipenda filamu zake, alilalamika mbele ya karibu kila moja, na akakataa kuhudhuria maonyesho ya kwanza, isipokuwa ya *Auch Zwerge haben klein angefangen* ya 1970, ambayo aliipenda. Hata hivyo walifanya kazi pamoja kwa miaka 16 na filamu zipatazo 20, ndefu na fupi. Msanii anayetaka kukua hurudi kwa mtu asiyemsifu.

Mwaka 1969 ilifika mezani kwake mikanda kutoka kwetu. *Die fliegenden Ärzte von Ostafrika* ni filamu ya hali halisi ya Herzog, ya dakika kama 45, juu ya madaktari wa ndege wa Afrika Mashariki. Huduma hiyo ilianzishwa 1957 na madaktari wa upasuaji watatu, Michael Wood, Archibald McIndoe na Tom Rees, na ndiyo mwanzo wa shirika linalojulikana leo kama Amref. Ndege ndogo ziliruka kutoka Nairobi kwenda kwenye hospitali za misheni na viwanja vya nyasi ambako daktari wa upasuaji hakuwa akifika. Mpigapicha alikuwa Thomas Mauch, ambaye alishika kamera pia katika filamu ya Anita G.

Miaka kumi tu kabla ya hapo, Wajerumani waliijua Tanganyika kupitia *Serengeti darf nicht sterben* ya Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, aliyekufa katika ajali ya ndege Januari 1959 wakati kazi hiyo ikiendelea. Filamu ile ilipata Oscar na iliwafundisha Wazungu kuipenda Serengeti. Ilijaa wanyama. Watu walionekana pembeni, mara nyingi kama tatizo. Filamu ya madaktari inawaweka watu katikati, wakiwa wagonjwa, wauguzi na wanaosubiri, na hilo pekee ni hatua. Imekatwa kwa unyenyekevu pia. Herzog mwenyewe haiiti filamu, huiita ripoti, na mhariri wake hakujaribu kuipamba.

Sehemu inayokumbukwa zaidi ni ile ya mabango ya afya. Wanakijiji wanaonyeshwa picha zilizochorwa kuwaelimisha kuhusu magonjwa, moja ikiwa na jicho kubwa la binadamu, na wanaulizwa maswali: lipi ni jicho, lipi limewekwa juu chini. Wengi hawajibu kama ilivyotarajiwa. Herzog amesimulia pia kwamba walipoonyeshwa bango la nzi mkubwa anayeeneza trakoma, watu walisema kwao hakuna nzi wa ukubwa huo. Wapo Wamasai waliosita kupanda ngazi chache za zahanati ya gari, ingawa walikuwa wagonjwa.

Nina neno juu ya sehemu hii. Wazo lake ni jema: inamwonyesha Mjerumani kwamba kusoma picha ni elimu inayofundishwa, na kwamba aliyechora bango Ulaya au Nairobi ndiye aliyeshindwa kusema na watu. Lakini anayetueleza maana ya kinachotokea ni msimulizi wa Kijerumani. Wenyewe wanaulizwa kama wanafunzi, hawaulizwi kama watu wenye sababu. Mtu anayejua kufuata nyayo za mnyama kwenye nyasi kavu anajua kusoma; angepewa nafasi angeeleza kwa nini jicho lisilo na uso wala mwili si jicho kwake. Sauti hiyo imekosekana, na mhariri, ambaye ndiye aliyeamua nani asikike na kwa muda gani, ana sehemu yake katika pengo hilo. Kumheshimu Mainka-Jellinghaus ni pamoja na kumdai hili.

Safari hiyohiyo ya Afrika ilichangia mikanda ya filamu nyingine, ambayo naamini ndiyo kazi yake kuu: *Fata Morgana* ya 1971. Herzog alipiga mazigazi jangwani Sahara na picha katika nchi kadhaa za bara letu bila hadithi wala mwigizaji mkuu. Kilichofika mezani kilikuwa mchanga, mabaki ya magari na ndege, mizoga ya wanyama, watoto wanaotazama kamera, bwawa ambalo si bwawa. Mhariri alipaswa kutoka na kitu ambacho mtu atakaa na kukitazama. Filamu iligawanywa sehemu tatu, Uumbaji, Peponi na Zama za Dhahabu, na juu ya sehemu ya kwanza mwanahistoria wa sinema Lotte Eisner anasoma maandishi kutoka *Popol Vuh*, kitabu cha uumbaji cha Wamaya.

Inaanza na ndege inayotua. Kisha ndege inatua tena. Inatua mara nane, ndege mbalimbali katika joto linalozidi kupanda, na kila mara hewa inatetemeka zaidi na umbo la ndege linayeyuka zaidi. Mhariri mwoga angeweka mbili, pengine tatu. Kufika ya nane ni kumweka mtazamaji njia panda. Anayesubiri hadithi ataondoka hapo. Atakayebaki ameshafundishwa namna ya kutazama dakika zote zinazofuata. Hakuna maelezo yaliyotolewa, na hayakuhitajika. Uhariri huu unafanya kazi kwa kurudia na kuvumilia, kinyume kabisa cha migongano ya Kluge, nao ulitoka kwenye mikono ileile.

Mwaka huohuo wa 1971 wakamaliza *Land des Schweigens und der Dunkelheit*, ya Fini Straubinger, mwanamke wa Bavaria aliyeanguka ngazini utotoni, akapoteza macho na baadaye masikio, akalala kitandani miaka mingi, kisha akainuka na kuwatembelea wengine wasioona wala kusikia. Filamu hii ilitengenezwa na watu watatu: Herzog aliyenasa sauti, Jörg Schmidt-Reitwein aliyeshika kamera, na Mainka-Jellinghaus mezani. Mwishoni mzee mmoja anatoka kwenye kundi, anatembea peke yake hadi akaufikia mti, anaupapasa shina na matawi. Kamera inamfuata, na mhariri hakukata. Mahali pengine popote angekuwapo wa kukata kwenda kwenye uso wa Fini, au kuongeza muziki ili tulie. Kutokukata pale ni uamuzi mkubwa kama mkato wowote aliowahi kufanya.

*Aguirre, der Zorn Gottes* ya 1972 ndiyo iliyompeleka Herzog duniani kote. Ilipigwa Peru kwa wiki chache, kwa kamera moja na fedha kidogo, Klaus Kinski akiwa mtekaji wa Kihispania anayeasi na kujitangazia ufalme juu ya jahazi la magogo linaloelea mtoni. Wasomaji wa pwani watapenda kujua kilicho nyuma ya hotuba za Aguirre. Herzog amesema alichukua mfano wa hotuba za redioni za John Okello, mzaliwa wa Uganda aliyejiita Field Marshal na kuongoza mapinduzi ya Zanzibar ya tarehe 12 Januari 1964. Vitisho vya Okello redioni, vyenye adhabu zisizo na kipimo, vinakumbukwa na wazee wa Unguja hadi leo. Herzog aliwahi kuandikiana naye barua. Okello alitaka kitabu chake cha mapinduzi kitafsiriwe Kijerumani. Hilo halikufanyika, lakini mtumwa Mwafrika katika *Aguirre* anaitwa Okello.

Hotuba hizo zingeweza kuiharibu filamu. Kinski hakujua kupunguza. Mikanda yake ilimimina hasira kila dakika. Ukiitazama *Aguirre* leo utaona jinsi hasira ilivyopewa nafasi kwa kipimo: maneno machache, kisha mto, kisha nyuso za watu wenye homa, kisha mto tena, mpaka kelele ya mtu mmoja inasikika ndogo mbele ya maji. Ukatili wa watekaji unapita haraka, bila kupambwa. Sijui njia nyingine ya kumwonyesha mtawala mwenye wazimu bila kumtukuza, na hapo mafunzo ya miaka ya Kluge yanaonekana ndani ya filamu ya Herzog.

*Jeder für sich und Gott gegen alle*, habari ya Kaspar Hauser, ilitoka 1974, ikapata tuzo kubwa ya majaji Cannes mwaka uliofuata, na Mainka-Jellinghaus akapata Tuzo ya Filamu ya Ujerumani kwa uhariri. Ndani yake ndoto za Kaspar zinaingia katikati ya maisha ya mji mdogo wa karne ya 19: mahekalu ya Burma yaliyopigwa kwa mkanda wa milimita 8 yanayometameta, msafara wa ngamia Sahara unaoongozwa na kipofu. Ni picha zisizofanana na nyingine yoyote katika filamu ile, na zimekaa bila kuombewa ruhusa.

Baada ya hapo kazi zilifuatana kwa kasi, na sitazikalia zote: *Herz aus Glas* 1976, *Stroszek* 1977, *Nosferatu* na *Woyzeck* zote mbili 1979. *Woyzeck* ilianza kupigwa siku chache tu baada ya *Nosferatu* kumalizika, na kwa kuwa matukio yake mengi yalipigwa kwa mkupuo bila kusimamisha kamera, uhariri wake ulichukua siku zisizozidi tano. Kinyume chake kilikuwa *Fitzcarraldo*, iliyotoka 1982. Sehemu kubwa ilikuwa imeshapigwa Jason Robards akiwa mhusika mkuu na Mick Jagger akiwa msaidizi wake. Robards akaugua, Jagger akaondoka, na yote ikabidi yaanzwe upya na Kinski. Meli ya zaidi ya tani 300 ikavutwa kupita mlima. Filamu iliyobaki ni ya saa mbili na dakika 37, na Herzog alipata tuzo ya mwongozaji bora Cannes.

Lakini mtihani mgumu kuliko yote wa Mainka-Jellinghaus, kwa maoni yangu, haukutoka msituni. Ulitoka Stuttgart. Katika vuli ya 1977 kundi la Red Army Faction lilimteka na kumwua Hanns Martin Schleyer, kiongozi wa waajiri na ofisa wa zamani wa SS; ndege ya Lufthansa ilitekwa na kuokolewa Mogadishu; na viongozi watatu wa kundi hilo, Andreas Baader, Gudrun Ensslin na Jan-Carl Raspe, wakakutwa wamekufa gerezani Stammheim, Stuttgart. Waongozaji kadhaa, Kluge, Fassbinder, Schlöndorff na Reitz miongoni mwao, waliamua kutengeneza filamu moja ya pamoja, haraka, kabla ya hofu kuganda. Kila mmoja alileta kipande chake. Fassbinder alijipiga akiwa nyumbani kwake, analia na kugombana na mama yake. Kluge alileta mwalimu wa historia, Gabi Teichert, anayechimba ardhi iliyoganda kwa sepeto. Mwingine alileta mchezo wa kuigiza, mwingine mazungumzo.

Wahariri wa filamu hiyo, *Deutschland im Herbst*, walikuwa kadhaa, akiwamo Juliane Lorenz wa upande wa Fassbinder na Heidi Genée. Kluge na Mainka-Jellinghaus ndio waliobeba mzigo wa kuvifanya vipande hivyo kuwa kitu kimoja. Wakaiweka filamu kati ya mazishi mawili: mwanzo ni ya Schleyer, yenye magari ya kifahari na viongozi wa nchi, mwisho ni ya wale watatu, yenye polisi wa farasi na vijana waliofunika nyuso. Katikati wakatia picha za mazishi ya Jemadari Rommel ya 1944, aliyelazimishwa na Hitler kunywa sumu kisha akazikwa kwa heshima za taifa. Mtoto wa Rommel, Manfred, ndiye aliyekuwa meya wa Stuttgart mwaka 1977, na ndiye aliyeruhusu watatu wale wazikwe katika makaburi ya mji. Filamu haikuambii uvute uzi huo. Inakuwekea mazishi matatu mbele yako, sura tatu za huzuni, na kukuacha na maswali juu ya nani huliliwa hadharani na kwa nini. Filamu ilitoka 1978, miezi michache baada ya matukio yenyewe. Nchi nyingi zilizopitia damu ya kisiasa, na zetu zimo, zingenufaika kuisoma namna filamu hii ilivyopangwa.

Gabi Teichert akapata filamu yake mwenyewe, *Die Patriotin*, mwaka 1979, kisha ikaja, kwa Herzog, *Wo die grünen Ameisen träumen* ya 1984, ya wenyeji wa Australia wanaoizuia kampuni ya madini isichimbe ardhi yao. Baada ya hapo jina la Mainka-Jellinghaus linaanza kupotea katika filamu za Kluge na Herzog. *Cobra Verde* ya 1987, iliyopigwa Ghana, ilihaririwa na Maximiliane Mainka. Wahariri wengine wa kizazi chake walikuwa wakubwa pia: Peter Przygodda, aliyekata filamu nyingi za Wim Wenders tangu 1970, na Thea Eymèsz, aliyefanya kazi na Fassbinder kabla ya Lorenz. Kila mmoja alikuwa na mwongozaji wake. Mainka-Jellinghaus peke yake ndiye aliyeshikilia pande mbili zilizo mbali namna hiyo, bila upande mmoja kuumeza mwingine.

Wasomaji wa jarida hili wanaohusika na kumbukumbu za picha wana kazi ya kufanya. Filamu ya madaktari wa ndege ina watu wetu, lugha zetu na vijiji vyetu vya 1969, na inafaa kuonyeshwa Nairobi, Kampala na Dar es Salaam wakati ambapo wapo bado wanaoweza kuwatambua walioonekana na kusema kile ambacho msimulizi wa Kijerumani hakukisema. *Aguirre* inafaa kuonyeshwa Ngome Kongwe, Zanzibar, katika tamasha la filamu, ikifuatwa na mazungumzo ya walioisikia sauti ya Okello redioni. Na katika kila orodha ya filamu tunayoiandaa, za wageni na za kwetu, jina la mhariri liandikwe kando ya jina la mwongozaji. Vyumba vya uhariri vya Afrika Mashariki vimewahi kuwa na watu wake pia, na wengi wao hawajaulizwa lolote. Waulizwe sasa.